Shemasi Alonzo Manigault na Kidonge cha Pili

Alonzo Ezekiel Manigault alizaliwa tarehe 9 Machi 1949 huko Green Pond, kaunti ya Colleton, Karolina Kusini, akiwa mtoto wa tatu wa Bwana Hezekiah na Bibi Lucinda Manigault, na katika maisha yake yote hakuna mtu aliyewahi kumwona amelewa. Familia inaanza na jambo hilo kwa sababu tangu Jumapili ya tarehe 5 Februari 2023, siku alipoanguka na sinia la vikombe vya Meza ya Bwana mbele ya kanisa hili la Kibaptisti la Horebu, yalisemwa maneno. Wengine wenu mmetoka Savannah, Filadelfia na Detroit, na maneno hayo yaliwafikia huko haraka kuliko majibu yake. Leo mtapata yote, kila jambo mahali pake.

Baba yake alikuwa fundi wa msumeno katika kiwanda cha mbao, na mama yake alipika katika shule ya watoto. Nyumba yao ilikuwa ndogo, lakini hakuna aliyetoka humo kwenda kanisani na shati lisilopigwa pasi. Alonzo alikuwa mtoto mpole mwenye kasoro moja: hakujua kuficha alichokiona. Siku moja mwaka 1955 mama yake alimtuma kwa jirani, Bibi Frasier, akamwambie kwamba hataweza kwenda kumsaidia kumenya kamba wa baharini kwa kuwa anajisikia vibaya. Alonzo akafika, akavua kofia, akasema, "Mama amesema hawezi kuja, anajisikia vibaya. Lakini nimemwacha anacheka na shangazi."

Aliporudi, habari ilikuwa imemtangulia.

"Wewe mtoto, nilikutuma useme nini?"

"Kwamba unajisikia vibaya, Mama."

"Na hayo mengine?"

"Hayo niliyaona mwenyewe."

"Ukitumwa maneno, peleka maneno. Macho yako yaache hapa nyumbani."

Alipokuwa mtu mzima alipenda kusema kwamba masomo yote aliyoyapata baadaye yalikuwa ni kurudia somo hilo tu, na kwamba mengine yaliendeshwa na walimu wasio wakali kama Bibi Lucinda.

Alianza masomo katika shule ya vyumba viwili ambayo wazazi wa Green Pond waliijenga kwa mikono yao, kisha akaendelea na sekondari ya watoto weusi ya Walterboro, alikohitimu Juni 1967 akiwa wa pili katika darasa lake. Aliyekuwa wa kwanza, Bi. Rosetta Singleton, tuko naye hapa leo, na kwa miaka yote hiyo hakuacha kumkumbusha. Mwaka 1968 aliitwa jeshini. Vijana wengi aliosoma nao walipelekwa Vietnam, na watatu hawakurudi; Alonzo, kwa kuwa alijua kupiga chapa, alipelekwa katika hospitali ya jeshi huko Ujerumani na kukabidhiwa chumba cha mafaili chini ya sajenti mmoja mkali aliyetaka kila faili limalizike kabla ya chakula cha jioni. Aliporudi nyumbani mwaka 1971 alijiunga na chuo Orangeburg kwa msaada wa masomo wanaopewa askari, akahitimu mwaka 1975.

Septemba ya mwaka huo aliajiriwa na hospitali moja ya jirani, katika ofisi iliyokuwa chini kabisa ya jengo, karibu na dobi, na huko alifanya kazi hadi alipostaafu tarehe 31 Desemba 2015. Wengi wenu mlidhani alikuwa mhasibu. Hakuwa mhasibu. Mgonjwa akisharuhusiwa kwenda nyumbani, faili lake liliteremka kwa Alonzo, naye alilisoma lote, kisha akaupa kila ugonjwa na kila dhara namba yake kutoka katika kitabu kikubwa, ili daktari atakayemwona mtu huyo kesho, na wale wanaosimamia afya ya nchi, wajue hasa kilichompata. Alikiona kitabu kile kikibadilika mara mbili. Cha mwisho kilikuja mwezi Oktoba 2015, kikiwa kinene kupita vyote, hata mtu aliyeng'atwa na kasuku akawa na namba yake. "Colleton hatuna kasuku," alimwambia mkewe jioni hiyo, "lakini akija tuko tayari."

Sehemu ya kazi aliyoipenda kuliko zote ilikuwa madhara ya dawa, na katika dawa zote alizijua zaidi zile tunazoziita vidonge vya maji, ambazo watu wazima wengi wa kaunti hii huzimeza kila asubuhi kwa ajili ya presha au moyo, na ambazo humpunguzia mtu maji mwilini kwa kumpeleka msalani mara kwa mara. Kidonge hicho ni rafiki mkubwa, lakini kinaweza kumkausha mtu, kikamshusha chumvi ya damu hadi akapepesuka na kusema asiyoyajua. Likitokea hilo, Alonzo aliwafundisha vijana waliokuja kazini baada yake, kuna milango mitatu. Aliyemeza sawasawa na alivyoagizwa na bado akadhurika, huyo dhara lake huandikwa kwanza, na dawa hufuata nyuma. Aliyezidisha, au aliyemeza dawa ya mtu mwingine, kwake lile kosa la kumeza ndilo hutangulia, na dhara hufuata. Aliyepunguza au kuacha ana mlango wa tatu. "Usipotofautisha," aliwaambia, "utaishitaki dawa kwa kosa la mtu, au utamshitaki mtu kwa kosa la dawa. Na wote wawili hawana wakili isipokuwa wewe."

Kukisia hakukuruhusiwa. Daktari akiandika kwamba mgonjwa alizimia, na ukurasa mwingine akaandika kwamba mgonjwa anatumia kidonge cha maji, Alonzo hakuwa na haki ya kuviunganisha viwili hivyo kichwani mwake. Ilibidi amuulize daktari, tena kwa namna isiyomtia jibu mdomoni. Daktari Prioleau, aliyefanya naye kazi miaka mingi na ambaye ametuma shada la maua lile la kushoto, alipenda kumchokoza.

"Alonzo, wewe mwenyewe unaona huyu mama aliangushwa na nini?"

"Mimi sioni kitu, daktari. Naandika unachokiona wewe."

"Lakini una maoni."

"Nilikuwa nayo. Mama yangu aliyachukua mwaka 1955."

Daktari alicheka, akalichukua faili, akaandika, na kesho yake wakala pamoja chakula cha mchana kama kawaida.

Katika nyumba yake hakuna jina la mgonjwa lililowahi kutajwa. Mkewe aliishi naye miaka thelathini na minane na hakuwahi kujua kutoka kwake nani ana sukari na nani ametolewa nyongo. Akikutana na watu dukani, aliwasalimu kana kwamba ndiyo kwanza amewaona duniani. "Shemasi, wewe unayajua mafigo yangu kuliko mume wangu," dada mmoja alimwambia mbele ya mizani ya samaki, na yeye akajibu, "Dada, mimi hata jina lako nalisahau," akaendelea kuchagua samaki.

Alikutana na Bi. Vernelle Gadsden katika chakula cha jioni cha kanisa hili mwaka 1984. Bi. Vernelle alikuwa mwalimu wa fasihi katika sekondari ya Walterboro, baadaye mwalimu mkuu wake wa kwanza mwanamke, mwenye shahada ya uzamili kutoka Atlanta, binti wa Mchungaji Josiah Gadsden, na wakati huo alikuwa akitembelewa na waungwana wengine wawili, mmoja wao mwanasheria. Alonzo alimtembelea kwa muda mrefu bila kusema neno la maana, mpaka jioni moja barazani, chai baridi ikiwa mkononi, akasema:

"Vernelle, nina swali. Nisingependa kukutia jibu mdomoni."

"Uliza, Alonzo."

"Kuhusu mimi na wewe, na kwa kuzingatia yote uliyoyaona, unaonaje juu ya ndoa? Majibu yako manne. Ndiyo. Hapana. Jingine, ueleze. Au haijulikani kwa sasa."

Bi. Vernelle alikunywa chai kidogo. "Jingine," akasema.

"Eleza."

"Kwanza kazungumze na baba yangu. Halafu urudi na swali lenye majibu mawili."

Walifunga ndoa tarehe 14 Juni 1986, ibada ikiongozwa na Mchungaji Gadsden mwenyewe. Mungu aliwajalia watoto wawili, Marguerite na Josiah, ambao wote walisoma mpaka chuo kikuu bila kuwaletea wazazi aibu ya aina yoyote. Mwaka 1991 Alonzo alisimikwa kuwa shemasi, na tangu hapo kila Jumapili ya kwanza ya mwezi yeye ndiye aliyebeba sinia la vikombe kuwapelekea akina mama wa kanisa katika kiti cha mbele. Aliithamini kazi hiyo kuliko cheti chochote kilichoning'inia ukutani kwake.

Mwaka 2017 moyo wake ulianza kudhoofika. Miguu ilivimba, daktari akampa kidonge cha maji, kimoja kila asubuhi, na kwa miaka mitano mambo yalikwenda vizuri.

Sasa tumefika kwenye Jumapili ile. Jumamosi iliyotangulia, wanaume wa kanisa walikuwa na kifungua kinywa chao cha mwaka, na Shemasi Isaiah Legare alileta paja la nguruwe alilolikausha mwenyewe kwa chumvi, kama afanyavyo kila mwaka. Jumapili, wakati wa Meza ya Bwana, Alonzo alishuka na sinia hadi kwa Mama Drusilla Heyward, mwenyekiti wa akina mama wa kanisa, aliyekuwa amevaa nyeupe tupu kama wenzake. Hapo akasimama. Akamgeukia Mchungaji Tobias Grant, akakakamaa kama askari, akasema, "Sajenti, mafaili yote yamekwisha." Kisha akaanguka, na vikombe vyote vikamwagikia gauni la Mama Heyward. Ieleweke kwamba kanisa hili halijawahi kutumia kitu kingine katika Meza ya Bwana isipokuwa maji ya zabibu yasiyo na kilevi.

Gari la wagonjwa lilipokuwa bado uwanjani, mkewe aliingia jikoni kuchukua koti lake, na kutoka upande wa pili wa mlango akasikia dada wawili wakiosha vyombo.

"Shemasi leo kaamka na mawenge."

"Mawenge yapi, mwenzangu? Yale ya chupa. Nimekaa na marehemu Otis wangu miaka mingapi, nisiyajue?"

"Na huyo mkewe anavyotembea kama kitabu kilichojaladiwa."

"Muache. Majalada hayafungi kabati la pombe."

Familia inawajua waliosema. Wote wawili wako hapa leo, na mmoja wao ndiye aliyepika wali mwekundu tutakaokula baada ya maziko. Wali wake haujawahi kuwa na kasoro.

Hospitalini walimkuta na chumvi ya damu iliyoshuka vibaya na mwili uliokauka. Siku ya tatu akili ikamrudia yote. Daktari Rutledge, binti mpole aliyekuwa akimhudumia, aliketi kando ya kitanda na karatasi zake.

"Bwana Manigault, inaonekana ni kidonge cha maji. Ulikuwa unameza kimoja kila asubuhi, kama ulivyoandikiwa?"

"Kimoja," alijibu mkewe. "Mume wangu ni mtu wa utaratibu."

"Basi itabidi tukiache kabisa. Naona mwili wako hauelewani nacho."

"Kilikuwa kimoja mpaka Mwaka Mpya," akasema Alonzo.

"Na baada ya hapo?"

"Baada ya hapo vilikuwa viwili, nikila chumvi. Na tangu Mwaka Mpya, daktari, nimekula chumvi sana."

Alieleza yote. Siku ya Mwaka Mpya alikula kunde na shavu la nguruwe lililokolea chumvi, jioni miguu ikavimba, akaongeza kidonge cha pili ili kuiosha ile chumvi. Miguu ikapungua, naye akajipongeza. Kuanzia hapo kila alipokula vizuri aliongeza kimoja, na kiu ikimshika anakunywa maji jagi zima. Kwa paja la Shemasi Legare aliongeza viwili. Alikuwa akivimezea kwenye banda la gari, ambako mkewe hana sababu ya kwenda.

Daktari aliweka kalamu chini. "Mimi nilikuwa tayari kuandika kwamba dawa ilitumika sawasawa."

"Najua. Ndiyo maana nimesema. Ungeiondoa dawa isiyo na kosa, na moyo wangu unaihitaji."

Daktari akafuta, akaandika upya, na kidonge kikabaki, kimoja kila asubuhi.

Alasiri hiyo Shemasi Legare alikuja kumtazama, akiwa ameshika kofia yake kwa mikono miwili.

"Ndugu yangu, mashemasi tumekaa. Tumeona upumzike kidogo kubeba sinia."

"Nipumzike mpaka lini, Isaiah?"

"Mpaka maneno yapoe."

"Maneno gani?"

Legare aliizungusha kofia. "Unayajua. Mimi siyaamini. Lakini wapo wanaoyaamini, na wewe ndiye unayesimama mbele na vikombe."

Legare akaondoka. Kazi ambayo Alonzo aliifanya tangu 1991 ilikuwa imechukuliwa kwa sababu ya chupa asiyoigusa, na jina ambalo Hezekiah Manigault aliwaachia watoto wake lilikuwa linapitishwa kutoka jiko hadi jiko. Mkewe alivuta kiti karibu.

"Jumapili ya kwanza ya Machi nitasimama niwaeleze," alisema Alonzo.

"Vizuri. Utasema dawa ilikudhuru. Watanyamaza."

"Hiyo ni nusu, Vernelle."

"Nusu inawatosha Wabaptisti."

"Nilizidisha mwenyewe."

"Kwa daktari umesema, na ilibidi. Kanisa halikuandikii dawa. Wewe uliyefundisha vijana wa kaunti nzima, usimame useme ulikuwa unameza vidonge kwa kujificha bandani? Watacheka mpaka Pasaka."

"Wacha wacheke. Nikiwaambia dawa ilinidhuru, kuna watu pale kesho asubuhi watavitupa vidonge vyao chooni. Nitakuwa nimelisafisha jina langu kwa kuivimbisha miguu ya watu wengine."

Bi. Vernelle alikaa na jambo hilo hadi jioni. Halafu akasema kwamba kama ni lazima asimame, basi atavaa suti ya kijivu, siyo ya kahawia.

Tarehe 5 Machi 2023, wakati wa ushuhuda, Alonzo alisimama katika suti ya kijivu. Kanisa lilijaa kuliko kawaida. Habari kwamba atasema ilikuwa imetembea. Mchungaji Grant akasema, "Sema, Shemasi," na watu wakaitikia, "Sema."

"Sikunywa pombe," alisema. "Nilikunywa kidonge cha maji. Daktari aliandika kimoja. Mimi nikala kwa ulafi, nikaongeza cha pili kuuosha ulafi wangu, na mke wangu hakujua. Ningeweza kuwaambia kwamba dawa ilinidhuru, mkanionea huruma, na nusu yenu mkaiogopa. Lakini aliyemeza kama alivyoagizwa, kwake dhara hutangulia. Mimi nilizidisha. Kwangu linatangulia kosa, na kosa ni langu. Dawa msiiseme vibaya. Naomba msamaha kwa Mama Heyward kwa ajili ya gauni. Ni hayo tu."

Hakukaa chini, kwa sababu Mama Heyward alikuwa amenyoosha mkono.

"Shemasi."

"Naam, Mama."

"Uliongeza kimoja tu?"

"Kimoja, Mama. Kwa paja la Legare, viwili."

"Hm," alisema Mama Heyward. "Mimi kwa paja la Legare huongeza viwili na kesho yake kimoja. Nilidhani ndivyo inavyotakiwa."

Kicheko kilianzia kwenye kwaya kikashuka. Kaka Wendell Pinckney, mwenye sauti nzito ya kwaya, akasimama kabla hakijaisha. "Mimi sizidishi, Shemasi. Mimi Jumapili sikimezi kabisa. Choo kiko nyuma ya jengo, na mahubiri ya Mchungaji hayana kituo."

"Nimesikia, Kaka Wendell," alisema Mchungaji.

"Sikusema kwa ubaya, Mchungaji."

"Endelea kutokusema kwa ubaya ukiwa umekaa."

Ndipo yule dada wa jikoni, mjane wa Otis, akasimama taratibu akishika kiti cha mbele yake. Alisema kwamba Otis alipofariki aliacha chupa mbili za vidonge vya maji, na kwa kuwa vilikuwa vya pesa na si vizuri kutupa, yeye alikuwa akivimeza pamoja na vyake. "Na wiki iliyopita," alisema, "nilipepesuka nikaligonga sanduku la barua kwa gari. Niliwaambia watu ni barafu."

Hakukuwa na barafu Colleton wiki hiyo, wala mwezi huo.

"Dada," alisema Alonzo kwa upole, "hiyo nayo ina namba yake."

Kanisa lilicheka mpaka mpiga kinanda akapiga sauti mbili tatu kulisaidia. Walisimama wengine, mmoja baada ya mwingine, wazidishaji, waachaji na wale wa vidonge vya jirani, mpaka ikaonekana kwamba waliokuwa wakimeza kama walivyoagizwa ni wachache sana, na wengi wao walikuwa hawajafika umri wa kupewa vidonge. Alonzo hakumwambia mtu yeyote afanye nini. Aliwaambia tu kila mmoja aende kwa daktari wake akaseme kule kama alivyosema hapa, bila kupunguza. Tunajua walikwenda, kwa sababu Daktari Prioleau alimpigia simu siku ya Alhamisi akamuuliza ni nini kimelipata Kanisa la Horebu.

"Kwa hiyo sasa," Shemasi Legare alinung'unika kutoka kiti cha mashemasi, "mwenye kosa ni paja langu?"

"Hapana, ndugu. Paja nalo lilitumiwa kupita maagizo."

Ulipofika wakati wa Meza ya Bwana, Legare alisimama kubeba sinia, kama walivyokuwa wameamua. Mama Heyward alimwambia aketi. Aliinuka mwenyewe, mwanamke wa miaka themanini na minane, akaenda mezani, akalichukua sinia, akamletea Alonzo pale alipokuwa.

"Chukua, Shemasi," alisema. "Leo nimevaa gauni la zamani."

Akalichukua, akaanza na akina mama wa kiti cha mbele.

Hivyo ndivyo ilivyokuwa. Yeyote atakayetoka hapa na kusimulia sehemu ya kwanza peke yake, atakuwa ameamua mwenyewe kuiacha ya pili.

Alilibeba sinia hilo kila Jumapili ya kwanza hadi Juni 2024, moyo ulipoanza kuchoka kwa mara ya mwisho. Alilazwa mwezi Julai na tena Septemba, kisha akaomba kurudi nyumbani, chumba cha mbele, ambako angeweza kuwaona wapita njia na kuwasalimu bila kukumbuka magonjwa yao. Watoto walikuja. Bi. Rosetta Singleton alikuja kumkumbusha nani alikuwa wa kwanza. Shemasi Legare alikuja kila siku mikono mitupu, akieleza kwamba haleti chakula kwa sababu za kisheria. Mkewe alimsomea magazeti kwa sauti, na alipokutana na kosa la uhariri walisikitika pamoja.

Jumatatu tarehe 7 Oktoba, muuguzi wa nyumbani, Bi. Tamsin Rhodes, alikuja kuondoa vidonge kwenye meza ya kitandani.

"Unavipeleka wapi?" aliuliza Alonzo.

"Daktari amesema tuviache, Bwana Manigault. Vyote."

"Vimenidhuru?"

"Hapana, baba. Vimefanya kazi yake. Sasa havina cha kufanya tena."

"Andika hivyo hivyo," alisema Alonzo. "Usiandike vimeshindwa."

Bi. Rhodes alichukua kalamu, akaandika mbele yake, akamsomea. Alonzo akatikisa kichwa kukubali, akafumba macho, akalala vizuri kuliko siku nyingi.

Alifariki kesho yake, Jumanne tarehe 8 Oktoba 2024, saa nne asubuhi, nyumbani kwake Walterboro, mkewe na watoto wake wote wawili wakiwa chumbani. Daktari aliandika kwamba moyo ulichoka. Bi. Vernelle aliisoma karatasi hiyo mara mbili, kama ambavyo mumewe angeisoma, akaona imeandikwa sawa.

Ameacha mke, Bi. Vernelle Gadsden Manigault. Binti, Marguerite Manigault Oakes, mwalimu wa hisabati, na mumewe Terrence, wa Columbia. Mwana, Josiah Manigault, mhandisi wa barabara, wa Charlotte. Wajukuu watatu, Lucinda, Hezekiah na Amos. Dada yake, Bi. Ernestine Frasier wa Green Pond. Wapwa wengi, akiwemo Bi. Delphine Frasier anayewasomea maneno haya. Na kanisa hili, ambalo alilipenda lilivyo. Ametanguliwa na wazazi wake na kaka yake Samson.

Pumzika kwa amani, Alonzo Ezekiel Manigault. Jina ulilopewa na baba yako umelirudisha safi, nasi tuliobaki nalo tutalitunza.